Deni la unga si deni la friji: barua ya wazi kwa Gavana wa Benki Kuu

Kwa Mheshimiwa Gavana wa Benki Kuu ya Tanzania.
Nakala: Mheshimiwa Waziri wa Fedha, Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.

Assalaam aleikum. Kwa wasioitumia salamu hiyo, shikamooni.

Naandika kutoka Ngamiani, Tanga, huku kwenye barabara za namba, ambako nina duka la rejareja. Si duka la kutisha. Unga, mchele, sukari, mafuta ya kupima, sabuni ya kipande, viberiti, na juu ya kaunta daftari la jalada gumu ambalo ndilo limenifanya nishike kalamu. Daftari hilo ni la tisa tangu tufungue. La kwanza liliandikwa kwa mkono wa marehemu mume wangu, na ukurasa wake wa mwanzo una deni la nusu kilo ya maharage ambalo halijalipwa mpaka leo. Mdaiwa mwenyewe tunasalimiana kila Ijumaa.

Ninachotaka kusema kinahusu hizi programu za simu zinazomwambia mtu achukue sasa, alipe baadaye. Kwetu zilianza na vitu vya kudumu: simu ya kulipia kidogo kidogo, taa za sola, televisheni, friji. Hapo sikuwa na neno, maana mimi siuzi friji. Sasa zimeshuka mpaka kwenye unga, mafuta, gesi na sukari, na wateja wake ni walewale wangu. Wakikwama kule, wanarudi kwangu. Kwa hiyo ninaliona jambo hili likiwa na pande zote mbili, kama mtu aliyekaa barazani nyumba ya kona.

Neno langu ni moja, nalisema mapema msije mkachoka kabla ya kulifikia. Deni la kitu kinacholiwa lina tabia yake, na sheria zenu zinalichanganya na deni la kitu kinachobaki. Friji ukiikopa, rejesho la tatu likifika friji ipo, inagandisha, watoto wanauza barafu mlangoni, inajisaidia kujilipa. Unga ukiukopa, siku ya rejesho la kwanza unga umekwisha na njaa imerudi ileile. Siku hiyo mtu anatakiwa alipie ugali wa wiki iliyopita na anunue wa wiki hii, kwa kibarua kilekile. Hawezi. Atakopa tena, na safari hii atakopa na ada ya mkopo wa kwanza ndani yake. Nimeona nyumba yenye watu watano, wote wana akili timamu, ikifika miezi minne mbele bila hata mmoja kujua mkopo wa kwanza ulikuwa wa nini.

Mkopo wa dukani si kitu kigeni hapa. Wafanyabiashara wana neno lao, mali kauli: unachukua mzigo kwa neno lako, ukiuza unaleta hela. Mimi mwenyewe sukari na mchele huwa nachukua hivyo kwa mwenye ghala. Na kwenye daftari langu nina kanuni ambayo kila mtu wa barabara hii anaijua: mstari ambao haujafutwa haufunguliwi wa pili chini yake. Una deni la 12,000, hujalipa, hupati la 5,000. Naivunja kwa mgonjwa, kwa msiba na kwa mzazi mwenye mtoto mchanga. Kwa mengine siivunji, hata kwa ndugu, na kwa kanuni hiyo nimenuniwa na wifi zangu miaka mingi.

Lakini nisijipambe. Daftari lina ubaya wake. Mpangaji mgeni, tuseme nesi kijana aliyeletwa kazini hapa mwezi uliopita, kwangu hapati kitu kwa sababu simjui. Programu inampa. Pili, daftari halina siri. Mtu akija kuomba mkopo foleni nzima inasikia, na nikimkatalia nayo inasikia. Simu inampa mtu sitara yake. Tatu, mimi sijui anadaiwa wapi kwingine. Wapo waliozunguka maduka matatu kwa mzunguko mmoja wa mwezi, na kila mmoja wetu akidhani ndiye peke yake. Kwa hiyo wanaosema fungeni hizi programu zote, siko pamoja nao. Mkizifunga watu watarudi kwa wakopeshaji wanaoshika kadi za benki za watu na kuweka majiko rehani, mikopo ile ile mnayoisikia ikiitwa kausha damu.

Isitoshe wapo wanaozitumia vizuri, na ni haki yao niwataje. Kuna mama wa vitumbua anayekaa jirani na soko la Mgandini. Alichukua kwa programu mchele, sukari na mafuta ya 60,000. Alitakiwa kurejesha 17,000 kila wiki, mara nne. Nilimuuliza, umepiga hesabu? Akanambia nimepiga, mama, jumla ni 68,000, wao wanakula 8,000, mimi kwa mchele huo napata zaidi ya hapo, na hela inaingia kila asubuhi. Akachukua, akalipa, akaacha. Hakurudia mpaka alipopata oda ya hitima. Mchele wake ulikuwa wa biashara, ulitoka nyumbani ukarudi na hela. Mchele wa sufuria ya nyumbani haurudi.

Hata hivyo hebu tuitazame hiyo 8,000 kwa makini, maana hapo ndipo nilipoanza kuwatafuta ninyi. Kijana wao alimwambia ni ada ndogo, kama asilimia 13 tu. Ni kweli, 8,000 kwa 60,000 ni asilimia 13 na ushee. Lakini mama huyu hakukaa na 60,000 kwa mwezi mzima. Wiki ya kwanza alikuwa anadaiwa 60,000 ya mzigo, ya pili 45,000, ya tatu 30,000, ya nne 15,000. Ukigawa, kwa wastani alikuwa na hela yao 37,500 tu kwa wiki nne. Na 8,000 kwa 37,500 ni zaidi ya asilimia 21. Kwa mwezi. Hesabu hii nimeifanya kwa kikokotoo cha duka, mtoto wangu wa kidato cha tatu akaihakiki.

Nakumbuka kwamba Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 iliwagawa watoa huduma katika madaraja manne, na kanuni zake za 2019 zikawawekea wakopeshaji wa daraja la pili, wale wasiopokea amana, ukomo wa riba wa asilimia 3.5 kwa mwezi. Kwa kiwango hicho mama wa vitumbua angelipa shilingi 1,300 na kitu, si 8,000. Sasa hiyo nyingine imepitia wapi? Imepita kwa jina. Haiitwi riba. Inaitwa ada ya huduma, ada ya kushughulikia, gharama ya mfumo. Mimi nikimuuzia mtu kilo ya sukari kisha nikaongeza "ada ya kupima" na "ada ya mfuko", mtaa utanicheka, halafu utanihama. Naomba iandikwe kwa maneno ambayo wakili hawezi kuyapinda: kila shilingi anayoitoa mkopaji juu ya bei ya taslimu ihesabiwe ndani ya ule ukomo, iitwe jina lolote watakalo.

(Mimi na daftari langu hatumo katika daraja lolote kati ya hayo manne, na nawaomba kwa heshima zote msituingize.)

Kuhusu bei ya taslimu nina jingine, ambalo nadhani halisemwi kwa sababu wanaoliona ni sisi wenye maduka. Mwaka juzi alikuja kijana mwenye tisheti ya kampuni, mstaarabu sana, akitaka duka langu liandikishwe. Utaratibu wao ni huu: mteja anachukua mzigo kwangu, kampuni inanilipa mimi, kisha kampuni inamdai mteja. Kizuri hapo ni kwamba hatari ya kutolipwa inanitoka. Lakini kwa kila 100,000 mimi nipokee 95,000. Nikamwambia, mwanangu, kaa hapo nikupe soda. Kilo ya sukari nauza 3,000, faida yangu ni 200. Asilimia tano ya 3,000 ni 150. Unaniachia shilingi hamsini, na mfuko wa kuwekea nanunua mimi. Akasema basi mama pandisha bei kidogo. Ndiyo hapo. Nikipandisha, inapanda kwa wote. Bibi anayekuja na sarafu zake taslimu anamlipia ada kijana aliyekopa kwa simu, na hajui. Sikujiandikisha. Waliojiandikisha nawafahamu, na bei zao nazifahamu pia.

Nyinyi mnaweza kudhani ninasema haya kwa wivu wa biashara. Basi niwaambie na la kwangu.

Ramadhani moja nilikosa mtaji. Mwenye ghala wangu alikuwa amesafiri, na mwezi huo watu hapa hununua kama wanaohama: tende, tambi, sukari, unga wa ngano, nazi. Nikapakua programu ya wafanyabiashara inayotoa mzigo na kudai kwa wiki. Wiki ya kwanza nililipa. Ya pili hela yangu yote ilikuwa ndani ya daftari, maana watu wa mshahara wanalipa mwisho wa mwezi na rejesho halikuangukia mwisho wa mwezi. Nikafungua programu ya pili nilipe ya kwanza. Halafu ya tatu. Mimi, mwenye kanuni ya mstari mmoja! Sikukuu nilivaa kanga mpya, nikapika pilau, usiku nikakaa na programu tatu za madeni kwenye simu moja. Ilipofika Mfungo Tatu, mwezi wa tatu baada ya Ramadhani, ndipo nikapumua. Wazee walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Na sisi wa Tanga wenzetu hututania kwamba matanga tumezaliwa nayo kwenye jina.

Kilichoniumiza pale kilikuwa tarehe kuliko ada yenyewe. Na hili naomba mlisikilize vizuri, kwa sababu ofisini mshahara una siku yake, na anayepanga kanuni akiwa na mshahara anaweza asilione. Hapa Tanga hela haiingii kwa kalenda moja. Wa kiwanda cha saruji Pongwe na wa mashamba ya mkonge wanaangalia mwisho wa mwezi. Wa bodaboda na mama lishe wanaangalia jioni ya leo. Kibarua wa bandarini anaangalia meli. Na wavuvi wa dagaa wa Sahare na kule Deep Sea wanaangalia mwezi wa angani: usiku wa giza taa zinawaka baharini na hela ipo, mbalamwezi ikitoka dagaa hawafuati taa, vyombo vinakaa pwani, nyavu zinashonwa. Mvuvi huyo mwambie alipe kila Ijumaa. Ijumaa mbili atalipa vizuri mpaka mtampandishia kiwango. Ya tatu imeangukia mbalamwezi, hana kitu, anapigwa faini. Si mwizi, si mzembe. Aliyepanga tarehe hakutazama juu. Kwenye daftari langu deni lake limeandikwa "giza", basi. Halina tarehe nyingine, na miaka yote linalipwa.

Je, ni vigumu kiasi gani kwa programu, ambayo inajua mpaka kiasi cha bando nililonunua, kumuuliza mtu hela yako inaingia lini? Muwape amri waulize. Siku ya rejesho achague mkopaji, na aruhusiwe kuisogeza mara moja bila faini kwa deni la chakula.

Na faini zenyewe. Wateja wangu wengi ni Waislamu na swali wanaloniuliza, kana kwamba kaunta ni mimbari, ni kama ile ada ni riba. Mimi si sheikh, nawatuma msikitini. Nilichofundishwa chuoni utotoni ni kwamba muuzaji anaweza kuuza kwa mkopo kwa bei kubwa kuliko ya taslimu, ili mradi bei ijulikane siku ya kuuziana na isikue tena baada ya hapo. Ikianza kuzaa kwa sababu mtu amechelewa, hapo ndipo pana moto. Aya ndefu kuliko zote katika Kurani inahusu deni na inaagiza liandikwe. Aya ya pili kabla yake inataka mdaiwa mwenye dhiki asubiriwe mpaka apate wasaa. Najua Benki Kuu haiendeshwi kwa aya. Lakini maandishi yanayosomeka na deni lisilokua usiku watu wamelala, hata Mkristo wa Chumbageni anayataka. Kwa bidhaa za chakula, dawa, maji, umeme na nishati ya kupikia, faini ya kuchelewa iwekewe kikomo kidogo cha shilingi, mara moja, iishie hapo.

Nimetaja umeme, na hapo nisimame kidogo. LUKU maana yake ni Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo. Jina zuri kuliko yote tuliyowahi kupewa na shirika la umma. Unalipa kwanza, unatumia ulicholipia, kikiisha giza linakwambia. Mitungi ya gesi yenye mita inafanya vivyo hivyo: unanunua ya 1,000, unapika ya 1,000. Hiyo nayo inatangazwa kwa maneno ya "kidogo kidogo", na watu wanaichanganya na kulipa baadaye, kumbe ni vitu viwili vilivyopeana mgongo. Kwa mtu mwenye hela ndogo ya kila siku, kulipa kidogo kabla ya kutumia kunamlinda. Kulipa kidogo baada ya kutumia kunamfunga. Kama Serikali inatafuta cha kukisukuma kwa nguvu katika mahitaji ya nyumbani, kiwe kile cha kwanza.

Sasa niingie kwenye aibu.

Mwaka jana nilipokea ujumbe kutoka kwa namba nisiyoijua. Ulimtaja mteja wangu kwa majina yote matatu, ukasema amekimbia deni, na kwamba mimi kama "mtu wake wa karibu" nimwambie alipe kabla ya saa kumi. Mimi sikumdhamini. Jina langu limo kwenye simu yake kama "Mama Duka", ndio ukaribu wenyewe. Jioni nikajua ujumbe uleule ulikwenda kwa imamu, kwa fundi cherehani wake, na kwa mama mkwe wake. Mama mkwe, waheshimiwa. Kwa huku kwetu pwani mkwe hata jina lake hulitaji hadharani. Deni lilikuwa 23,000, ya unga, mafuta ya taa na sare ya mtoto. Yule mwanamke hakutoka nje siku nne. Alipotoka alikuja kwangu, akaninong'oneza kama mtu anayenunua kitu haramu, akaomba nusu ya sukari. Nikampa. Kanuni yangu ya mstari mmoja siku hiyo niliikalia.

Tunayo Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, imeanza kutumika Mei 2023, na Tume yake ipo. Benki Kuu nayo mwaka 2024 ilitoa mwongozo wa wakopeshaji wa kidijitali, na Novemba mwaka huo ikatangaza orodha ya majukwaa na programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila kibali. Orodha hiyo ilifika mpaka kwenye kundi la simu la kikoba chetu, tukaisoma kwa sauti, wengine wakiziba midomo kila lilipotajwa jina wanalolifahamu. Tuliwashukuru kwa hilo. Tatizo lake ni kwamba programu iliyokatazwa jina leo, kesho inarudi na jina jingine na rangi nyingine. Orodha ya wabaya haina mwisho. Tupeni ya wazuri. Orodha fupi ya wenye leseni, ya Kiswahili, ibandikwe ofisi ya kila kata pale wanapobandika matangazo ya chanjo, na ibadilishwe kila robo mwaka. Na programu inayoomba kusoma namba zote za watu kwenye simu yangu ili niuziwe kilo mbili za unga, hiyo isipewe leseni kabisa. Mimi namkopesha mtu kwa miaka ishirini bila kujua namba ya mkwewe.

Nimesema Kiswahili. Mwaka 2021 Bunge lilibadili sheria ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama. Hukumu ya kesi ya kuku inaandikwa kwa lugha yetu. Lakini tangazo la programu liko kwa Kiswahili kitamu cha redioni, na masharti yake, yale marefu yenye kitufe cha "nakubali" chini, yako kwa Kiingereza. Nilimpa mtoto wangu anisomee. Alifika katikati akasema, mama, hapa nao wenyewe hawajielewi. Kabla ya kitufe, skrini moja tu: bei ya taslimu ya bidhaa ni hii, utalipa jumla hii kwa shilingi, siku hizi, ukichelewa itaongezeka hii na haitazidi hapo. Mistari minne. Kwenye daftari langu inatosha mmoja.

Ombi langu zito kuliko mengine ndilo lile la mstari mmoja, na ndilo gumu. Kwa deni la bidhaa za kuliwa, mtu awe na moja wazi kwa wakati mmoja, katika programu zote, mpaka alimalize. Hili haliwezekani kama kila programu ina daftari lake lililofichwa kama tulivyo sisi wenye maduka. Kampuni za taarifa za mikopo mnazozipa leseni zipo. Madeni haya madogo nayo yaonekane huko, ili programu ya pili ijue kuna ya kwanza na ikatae. Lakini hapo hapo nina hofu. Msije mkafanya deni la 8,000 la mafuta ya kupikia likamfungia kijana mlango wa mkopo wa mashine ya kushonea miaka mitatu mbele. Likishalipwa, lifutwe. Mimi nikilipwa napiga mstari mwekundu, na ukurasa ukijaa mistari myekundu nauchana naufungia pilipili manga. Hakuna anayekuja kuusoma baadaye.

Mtasema hakuna nchi iliyofanya hivyo. Sijui sana ya nchi za watu, ila mpwa wangu anayesoma Dar amenitafutia mawili matatu. Klarna ya Sweden, kampuni ya biashara hii hii ya lipa baadaye, ilianza 2005, watu wakinunua nguo na viatu mtandaoni. Ilipofika Machi 2025 ikaafikiana na DoorDash ya Marekani, wale wanaopelekea watu chakula majumbani, kwamba chakula nacho kilipwe kwa awamu. Hata Wamarekani wenyewe walicheka. Kwa hiyo njia ni ileile kila mahali: inaanza kabatini, inaishia sahanini. Australia tangu Juni 2025 inawataka wakopeshaji wa aina hii wawe na leseni ya mikopo kama wengine. Uingereza ilipanga ianze Julai 2026. Wao walichelewa, deni likatangulia mbele ya sheria. Jirani zetu Kenya nako, kampuni ya Lipa Later, iliyokuwa maarufu kwa biashara hii, iliwekwa chini ya msimamizi Machi 2025. Hilo la mwisho limenifanya niulize kitu kidogo: kampuni ikianguka leo, duka lililotoa mzigo jana linalipwa na nani? Kijana wa tisheti sikuwahi kumuuliza, nawauliza ninyi.

Kwa wateja wangu sisubiri kanuni. Akija mtu na simu mkononi akitaka nimsaidie kubonyeza, namuuliza kwanza kitu hicho siku ya kulipa kitakuwepo? Kama ni mtungi wa gesi, sare ya Januari, jembe, godoro la mtoto anayekwenda bweni, namwambia piga jumla, linganisha na bei yangu ya taslimu, kama tofauti unaiweza endelea. Kama ni cha kula usiku huu, namwambia chukua nusu kwa hela uliyonayo. Sukari ilipoadimika mwanzoni mwa 2024 na kilo ikafika 4,000 na kuzidi, tuliuza kwa robo na kwa vijiko, na hakuna nyumba ya barabara hii iliyoingia deni la sukari. Uji wa chumvi tulikunywa, ndiyo. Na jingine nawaambia wale wanaotumia huduma za kukopa salio la pesa kwenye simu: usiache hela ya dawa ipokelewe kwenye laini yenye deni, maana ikiingia inakatwa kabla hujaiona. Kuna mtu hapa alitumiwa 20,000 ya hospitali na kaka yake, akakuta 6,000. Nanyi waheshimiwa, wekeni kanuni ya sehemu isiyoguswa. Akikatwa, akatwe robo, si mpaka mfupa.

Barua ni ndefu, naona. Nimeiandika kwa siku tatu, katikati ya wateja, na karatasi mbili zina mafuta. Jibu, mkiona linafaa, libandikeni ubao wa soko la Mgandini. Herufi ziwe kubwa, maana miwani hapa tunaazimana.

Wenu,
Mwenye duka, Ngamiani, Tanga